Naomba ushauri: kiti cha mtoto kwenye pikapu ya ekstra kebini

Habari za leo wana jamvi. Naishi Houston, Marekani, na gari pekee nililonalo ni Ford Ranger ya 2004, ekstra kebini. Mwanangu ana miezi 9, na kiti chake ni kile cha kumgeuza aangalie nyuma.

Tatizo ni vile viti viwili vidogo vya kukunjua nyuma ya dereva. Vimekaa kiubavu, na kiti cha mtoto hakifungwi kabisa kwenye kiti cha namna hiyo. Hapo sina ubishi.

Kimebaki kiti cha mbele cha abiria, nacho kina mfuko wa hewa kwenye dashibodi. Ukifyatuka, unapiga mgongo wa kiti cha mtoto moja kwa moja, tena kichwani. Gari lina swichi ya kuuzima kwa ufunguo, na taa inawaka kuonyesha umezimwa. Jana nimefunga kiti hapo, nikagandamiza kwa goti huku nikivuta mkanda, lakini nikikitikisa pale mkanda unapopita kinacheza kama sentimita 4. Kinatakiwa kisizidi 2.5.

Aliyewahi kufunga kwenye gari kama hili, mkanda uliukazaje ukatulia? Na je, mnaiamini ile swichi, au niuze gari nitafute dabo kebini? Mke wangu anaanza kazi Jumatatu na mtoto nitampeleka mimi. Usingizi sipati, ndugu zangu.