Mama yuko kwenye gari la maporomoko

Kikundi: NYUMBANI MARANGU 🍌

JUMAMOSI

[22:51] Aika: Shimboni wapendwa. Nani yuko macho? Huku Portland, Marekani, ni saa saba kasoro mchana, tumeshapanda gari. Abiria 12, mwongozaji mmoja. Mama kakaa kiti cha mbele kabisa na doti yake ya kanga

[22:52] Neema: Niko zamu, wodi imetulia. Tuma picha

[22:53] Elia: Nipo. Kesho nawatembeza wageni maporomoko yetu ya Kinukamori saa mbili lakini usingizi umegoma. Safari ya wapi hiyo?

[22:55] Aika: Bonde la mto Columbia. Maporomoko mchana kutwa, halafu mwisho tunapelekwa Hood River kuonja mvinyo. Ni kama km 100 toka mjini

[22:55] Elia: Kuonja nini??

[22:56] Neema: Mama anajua hiyo sehemu ya mwisho?

[22:58] Aika: Anajua maporomoko 🙈

[22:58] Elia: AIKA

[22:59] Aika: Nilimwambia "na kinywaji". Kwani uongo?

[23:41] Aika: 📷 Picha
Hapa ni Crown Point. Hilo jumba la pembe nane linaitwa Vista House, la mwaka 1918, limekaa juu ya jabali mita 220 na ushee kutoka mtoni. Upepo umenyakua kanga moja ya Mama. Kuna kijana Mjerumani kaikimbilia mpaka ukingoni, mwongozaji anapiga kelele aiache

[23:42] Neema: Mungu wangu. Kijana mzima?

[23:42] Elia: Kanga nzima?

[23:44] Aika: Wote wazima. Toka hapo Mama anamwita "mwanangu" na kumlisha karanga

[23:44] Neema: Ni ile ya Haraka Haraka Haina Baraka?

[23:45] Aika: Hiyohiyo. Imekimbia kuliko sisi wote

JUMAPILI

[00:14] Aika: 📷 Picha
Latourell. Angalia maji yasivyogusa jabali, yanadondoka wima tu. Na jabali ni nguzo nguzo, kama mtu kasimamisha matofali marefu. Hiyo njano ya binzari ni utando umeota juu ya mawe, sikuongeza rangi

[00:16] Elia: Mita ngapi?

[00:16] Aika: 68 hivi

[00:17] Elia: Mnateremka kwa ngazi au kwa kamba? Reli zipo? Vyoo vipo? Kiingilio mnalipia kila poromoko au mara moja?

[00:18] Neema: Elia unafanya upelelezi

[00:18] Elia: Nafanya kazi

[00:31] Mama: 🎤 Sauti 1:52

[00:33] Elia: Neema sikilizia, bando langu linapumulia mashine

[00:40] Neema: Naandika. Mama anasema: "Wanangu, huyu mwongozaji anaeleza vizuri. Zamani za barafu kulikuwa na ziwa kubwa huko ndani bara, limezibwa na ukuta wa barafu. Ukuta ukipasuka, ziwa lote linashuka kwa mkupuo mmoja. Wala si mara moja, ni mara nyingi. Likipita hapa linakomba kingo za bonde kama mnavyokomba ukoko wa ugali, mto mkubwa ukabaki chini kabisa, vijito vya pembeni vikabaki vinaning'inia huko juu, havina njia tena ila kuruka. Nikamwambia Aika amtafsirie, basi mto uliwafanya watoto wake yatima. Akacheka, akaandika kwenye simu yake." Halafu kuna upepo tu sekunde 20

[00:42] Elia: Yatima 😂 Hiyo naiiba

[00:52] Aika: Bridal Veil na Wahkeena tumezipita harakaharaka, mvua ya rasharasha. Sehemu nyingi miti ina mashina meusi. Septemba 2017 kijana wa miaka 15 alirusha fataki korongoni, moto ukala karibu ekari 50,000. Mahakama ikamwamuru alipe zaidi ya dola milioni 36

[00:53] Neema: Miaka 15????

[00:54] Aika: Kwa awamu

[00:55] Elia: Oktoba 2020 mlima wetu ulipowaka tuliupiga moto kwa matawi. Usiku baridi, mbele unaungua, mgongo unaganda. Dola milioni sijui ningemdai nani

[01:22] Aika: 📷 Picha 📷 Picha 📷 Picha
Multnomah yenyewe. Jumla mita 189, inashuka kwa ngazi mbili: ya juu 165, ya chini 21, katikati kuna kateremko kadogo. Hilo daraja la zege lililokaa katikati ni la 1914, linaitwa daraja la Benson

[01:24] Elia: Hapo nimekubali. Mama yuko wapi, simwoni darajani?

[01:26] Aika: Kagoma kusimama. Mwongozaji alikosea akasimulia kwamba 1995 jiwe la tani 400, kubwa kama basi, liling'oka juu likaangukia bwawa la katikati. Watu wa harusi walikuwa hapo darajani wanapiga picha. Walilowa chapachapa na 20 wakaumia kidogo. Mama akauliza "na hilo linalofuata lini?" akavuka mbio bila kugeuka

[01:27] Neema: Mama na mantiki zake

[01:30] Aika: Huyo Benson alikuwa tajiri wa mbao. Mwaka 1912 aliupa mji wa Portland pesa wakajenga mabomba 20 ya shaba ya maji ya kunywa barabarani, ili vibarua wake wapate cha kunywa mchana zaidi ya bia. Bado yapo, yanatoa maji, jana Mama kanywa hapo. Leo tunapita kwenye daraja lake kwenda kuonja mvinyo

[01:31] Elia: Msimwambie Baba Mkubwa. Atahamia huko

[01:58] Mama: 🎤 Sauti 4:10

[01:58] Elia: Neemaaaa

[02:15] Neema: Samahani nilikuwa na mgonjwa. Hii ni ndefu, nanukuu kama ilivyo.

"Elia, hii ni yako. Mwongozaji katusimulia chini ya maji. Eti watu wa Multnomah waliugua, mganga akasema tiba ni binti wa chifu ajitoe kwa hiari. Binti akaenda peke yake usiku juu ya jabali, mwezi ulipochomoza akajirusha. Watu wakapona, maji yakaanza kumwagika, na eti ukiangalia sana ule ukungu unaiona sura yake. Gari zima 'oooh', wanafuta macho. Mimi nikauliza, na baba yake alikuwa wapi usiku ule? Kimya. Aika hataki kutafsiri, nikamfinya.

Nikamwambia na sisi tuna letu, nyumbani kwangu unatembea kwa miguu unafika. Makinuka alipata mimba hajaolewa, akajua desturi ya wakati ule ni kifo, akaenda mwenyewe kwenye maporomoko. Akasimama pale juu. Akawaza. Akageuka, arudi kwa wazazi wake akawaombe msamaha. AKAGEUKA. Ndipo akakutana uso kwa uso na chui, akasahau korongo liko nyuma yake, akaruka kinyumenyume. Sasa sema Elia, wewe wageni wako unawaambia aligeuka au hukuwaambia?"

[02:17] Elia: Nawaambia mama

[02:18] Mama: 🎤 Sauti 0:06

[02:19] Neema: "Chui unamtaja kabla hajaanguka, au baadaye?"

[02:21] Elia: Mama wageni wana haraka. Wanataka picha na sanamu halafu kahawa. Nasema alijirusha kwa sababu ya aibu, halafu akiuliza mtu ndiyo naongeza chui

[02:22] Neema: Umejimaliza

[02:24] Mama: mwanangu umemuua mara mbili

[02:25] Neema: Huo kauandika mwenyewe kwa vidole vyake, usifute

[02:26] Elia: Duh

[03:28] Aika: Tumefika Hood River. Upepo wa huku ndiyo kazi ya watu, mto umejaa wanaovutwa na vishada juu ya maji. Tumekaa ndani. Kila mtu kawekewa glasi tano kwenye kibao

[03:29] Neema: Na Mama?

[03:36] Aika: Ngoja. Mhudumu kaleta ndoo ndogo ya bati kaiweka katikati ya meza. Ile ni ya kutemea, ukishaonja si lazima umeze. Mama kaangalia ndoo, kakunja mikono ya gauni, kanyoosha viganja viwili juu yake, katulia anasubiri kumiminiwa maji anawe

[03:36] Neema: NAKUFA

[03:37] Neema: Niko wodini jamani

[03:39] Aika: Mhudumu ni binti mdogo, ana adabu. Hakucheka. Kachukua jagi la maji ya kunywa, kamnawisha. Mjerumani naye kanyoosha mikono. Meza nzima imenawa. Sasa ndoo ya kutemea imejaa maji ya kunawa na hakuna anayetema

[03:40] Elia: Kwa hiyo wote wanameza

[03:40] Aika: Wote

[03:52] Aika: Ripoti ya Mama, glasi kwa glasi. Wanaanza nyeupe.
Ya kwanza: "Wametia kidogo kama dawa ya kikohozi."
Ya pili inaitwa gewürztraminer, inanukia waridi: "Hii ni ya kujipaka."
Ya tatu ni pinot noir: "Hii inafanana na divai ya meza ya Bwana, ila imeishiwa nguvu."
Ya nne syrah, nyeusi, nzito: kimya. Kairudia.
Ya tano hataki, anairudia ya nne

[03:54] Elia: Syrah yao inatoka shamba hilohilo?

[03:57] Aika: Hapana. Huku magharibi mvua ni tele, zinafaa zabibu za baridi kama pinot. Ukienda mashariki kama km 35 tu, kule The Dalles, nchi inakauka kabisa, majani ya kahawia, jua. Ya nne inatoka upande huo. Bonde moja, mvua inaishia njiani

[03:58] Elia: Kama kwetu na Himo. Juu migomba, shuka kidogo tu vumbi

[04:10] Aika: Mwongozaji kamuuliza Mama kwao wanakunywa nini. Basi tena. Ndizi zilizoiva zikapikwa, ulezi ukaota ukasagwa, gome la msesewe likatiwa kwa ajili ya ule uchungu. Kawaonyesha kwa glasi ya maji jinsi anayekukaribisha anavyoonja yeye kwanza mbele yako, uone hana nia mbaya. Halafu kamgeukia yule binti: "Wewe mbona hujaonja?" Kabinti kamejimiminia kakaonja

[04:11] Neema: Mpeni huyo binti mume humu ndani

[06:12] Baba Mkubwa: Bwana asifiwe. Nimeamka kwa maombi nakuta jumbe 90. Nani amempiga picha shemeji yangu na glasi tano?

[06:13] Elia: Shikamoo Baba Mkubwa

[06:13] Baba Mkubwa: Marahaba. Sijajibiwa

[06:15] Elia: Kulikuwa na mzee mmoja Benson alijenga mabomba ya maji ili watu wasinywe pombe. Soma ya 01:30

[06:21] Baba Mkubwa: Nimesoma. Huyo kwetu angekuwa mzee wa kanisa. Sasa daraja lake linatumika kupeleka watu kilabuni

[06:40] Shangazi Dodoma: Wifi yangu! Wamekupimia tone kwa tone? Pitia huku ukirudi. Huko wanavuna mara moja kwa mwaka, sisi mara mbili, na glasi hujazwa. Mvinyo mwekundu wa Makutupora, hutakuwa na haja ya kuurudia, unatosha mara moja

[06:44] Mama: ntakuja wifi

[06:44] Baba Mkubwa: Shemeji!

[06:47] Mama: shemeji kipaimara cha Neema mtungi wa mwisho nani aliulalia

[06:48] Baba Mkubwa: 🚫 Ujumbe huu umefutwa

[06:48] Shangazi Dodoma: Nimeuona kabla hajafuta 😂😂

[06:50] Neema: Natoka zamu. Nimeuona pia. Naenda kulala na furaha yangu

[10:34] Elia: Mama bado uko macho?

[10:35] Mama: usingizi wa huku sijauzoea. sema

[10:41] Elia: Nimetoka na wageni, mzee na mkewe. Nimewakalisha pale kwenye jiwe, sikuwapeleka kwenye sanamu kwanza. Nimeanza mwanzo, mimba, desturi, akasimama juu. Nikasema akageuka, nikanyamaza kidogo kama wewe unavyonyamaza. Yule mama akamshika mkono mumewe. Ndipo nikamleta chui

[10:41] Elia: Wamekaa dakika 20 hawajapiga picha. Halafu yule mzee kaniuliza, na chui alikwenda wapi?

[10:43] Mama: ukamjibu nini

[10:43] Elia: Sikuwa na jibu

[10:47] Mama: hata mimi sijawahi kuuliza

[10:48] Mama: ng'ombe amekatiwa majani?