Nyumba ya marehemu mama na deni la matunzo la kaka

Kutoka Hamburg

Ndugu zangu, salaam. Mama yetu alifariki miezi minne iliyopita hapahapa Ujerumani, akatuachia nyumba aliyoinunua kwa jasho la zamu za usiku. Hakuandika wosia. Tuko watatu. Kaka yetu mkubwa anadaiwa na mtalaka wake matunzo ya miaka miwili, na juzi nimepokea barua ya mahakama: fungu lake la mirathi limekamatwa. Mbona barua inakuja kwangu wakati mimi sidaiwi? Nikiwajibu kwamba hii ni mali ya familia, wataiachia?

Kutoka Köln

Pole sana dada kwa msiba. Yalitukuta na sisi. Tuliandika kurasa tatu za "mali ya familia", nani alipaka rangi, nani alilipa bili za baba, na hazikutusaidia kitu, kwa sababu hayo hakuna aliyekuwa akiyabisha. Sheria ya hapa inakubali kwamba nyumba ni yenu watatu kwa pamoja mpaka mgawane. Ndiyo maana mdai wa mmoja wenu hawezi kuikamata nyumba yenyewe; angehitaji hukumu dhidi ya warithi wote, kifungu cha 747 cha sheria ya mwenendo wa madai. Akijaribu, hapo wekeni pingamizi la mtu wa tatu, kifungu cha 771.

Lakini yeye hakukamata nyumba. Amekamata fungu la kaka katika mirathi nzima, na kifungu cha 859 kinamruhusu. Wewe umeandikiwa kwa kuwa warithi wenza lazima wajulishwe. Tangu siku hiyo msimpe kaka chochote cha mirathi, hata fedha za benki, bila mdai kushirikishwa.

Hatari iko mbele. Mwenye kulishika fungu anaweza kudai mgawane, na kwa kuwa nyumba haikatwi vipande, mwisho wake ni mnada. Mnaweza kuomba mahakama iusimamishe hadi miezi 6, mnaweza pia kuingia mnadani kama wanunuzi wengine. Sisi tulikopa tukalilipa deni, kwa maandishi tukachukua nafasi ya mdai, na tulipogawana likakatwa kwenye fungu la ndugu yetu. Ilituuma, ila nyumba ilibaki.

Kutoka Hamburg

Asante kaka. Kaka yetu mkubwa sasa anasema ataukataa urithi, au atuuzie fungu lake kwa bei ya kutupa.

Kutoka Leipzig

Mdogo wangu, kuukataa urithi ni ndani ya wiki 6 tangu mtu ajue amerithi. Aliyekuwa nje ya Ujerumani muda ulipoanza hupewa miezi 6. Kama kaka anaishi hapa, muda umempita. Na hata angewahi, fungu lisingewaangukia nyinyi. Lingeshuka kwa watoto wake kana kwamba yeye hakuwepo. Kuuza nako amechelewa, limeshakamatwa. Kabla ya hapo pia isingekuwa salama: alichogawa bure ndani ya miaka 4, mdai anaweza kukipinga mahakamani. Walioko Ufaransa wajue kwao ni vingine: mdaiwa akiukataa urithi, mdai anaweza kuomba mahakama imruhusu aupokee badala yake.

Niseme na la moyoni. Mimi nilikuwa upande wa pili. Nililikamata fungu la baba wa wanangu baada ya miezi 19 ya kungoja, na hakuna hata mmoja wa ndugu zake aliyenipigia simu. Sikuitaka nyumba ya mama mkwe, mwanamke aliyenipokea kama binti yake. Nilitaka kodi ya pango na viatu vya watoto. Wangeniuliza tu, ningekubali kulipwa kidogo kidogo. Kabla ya wakili, mpigie wifi yako.

Kutoka Hamburg

Nimempigia jana. Kwanza tulilia wote wawili, alimpenda mama. Amekubali: nusu tumlipe sasa, nusu kwa miezi 10, na mapatano yaandikwe na wakili wake. Kaka amesema atasaini. Swali moja limebaki: kwenye daftari la ardhi, Grundbuch, nyumba bado ina jina la mama.

Kutoka Köln

Alhamdulillah. Ombeni mabadiliko mapema; ombi likipelekwa ndani ya miaka 2 tangu kifo, kuwaandika warithi kwenye daftari hakuna ada. Cheti cha urithi, Erbschein, ndicho kina ada yake. Wifi akiwa ameandikisha humo kwamba fungu limekamatwa, hakikisheni mkimaliza kulipa anatoa kibali cha maandishi andiko hilo lifutwe, kimethibitishwa na Notar, mthibitishaji rasmi wa hati. Sisi tulisahau, tukaligundua siku ya kuuza, na kumtafuta shemeji wetu wa zamani kulituchukua miezi.