Sambaza wa Kivu aitwe wa Kigoma? Asili yake ni ziwa gani?

Mwambao: Wakuu, sokoni kila mfuko siku hizi umeandikwa "dagaa wa Kigoma", hata wa sambaza kutoka Ziwa Kivu. Sambaza ndiye lumbu wetu, Limnothrissa miodon, na asili yake ni Tanganyika peke yake. Kivu alipandikizwa na Wabelgiji mwishoni mwa miaka ya 1950. Je, aitwe kwa ziwa la asili au kwa ziwa alikovuliwa? Mimi nasema alikovuliwa. Anayelipia Kigoma apewe Kigoma, si Kivu, wala dagaa wa Ziwa Victoria, ule mchanga wa Mwanza.

Ruzizi: Alipandikizwa vipi wakati mto Ruzizi unaunganisha maziwa yote mawili? Samaki anapanda mwenyewe. Huku Bukavu tunasema sambaza, hakuna anayesema Kigoma. Usitufanye wezi wa jina.

Mwambao: Ruzizi inatoka Kivu kwenda Tanganyika, si kinyume chake. Kivu iko kwenye mita 1,460 hivi juu ya usawa wa bahari, Tanganyika 770 hivi, na katikati kuna maporomoko. Lumbu hapandi pale. Angekuwa anapanda, wasingehangaika kumbeba. Walimleta kwa sababu katikati ya Kivu kulikuwa na chakula tele majini na hakuna samaki wa kukila. Walipeleka na dagaa mwenyewe wa Tanganyika, Stolothrissa, samaki tofauti na lumbu, lakini hakushika. Lumbu ndiye aliyebaki.

Kapenta: Kushuka anashuka, hilo lina ushahidi. Lumbu alipelekwa Kariba, ziwa la bwawa kwenye mto Zambezi, 1967 na 1968 kutoka Tanganyika. Akapita kwenye mitambo ya bwawa, akafuata Zambezi mpaka ziwa la bwawa la Cahora Bassa, Msumbiji, bila mtu kumbeba. Kupanda maporomoko ni habari nyingine.

Nyakato: Naona mmeruka "mchanga wa Mwanza" kama vile si tusi. Dagaa wa Mwanza ni Rastrineobola argentea, asili yake Victoria, Kyoga na Nabugabo. Hata ukoo si mmoja: wenu ni jamaa wa simu, yule samaki mdogo wa baharini, wetu yuko na ningu, samaki wa maji baridi. Mtajuaje mifuko imechanganywa kama hilo hamlijui?

Mwambao: Ukoo naujua, dada. Nimesema mchanga, na mchanga upo. Ukitafuna unalia kwenye meno.

Nyakato: Mchanga ni wa mwanikaji, si wa ziwa! Dagaa mbichi akimwagwa ufukweni, ute wake unanasa punje na zinakaukia kwenye ngozi. Ukimchekecha baadaye unavunja vichwa na mchanga unabaki. Weka chanja ya waya au nyavu kuukuu, juu kama mita 1, upepo upite chini. Tandaza tabaka moja tu, mgeuze mara mbili tatu. Jua kali, siku moja inatosha. Kilo 4 mbichi zinatoa kama kilo 1 kavu. Akikunjika badala ya kuvunjika, bado. Ukimfunga hivyo atavunda tumboni, na ukungu utaanzia katikati ya gunia.

Kapenta: Na mvua ikikukuta?

Nyakato: Funika kwa turubai lililoinuliwa, lisiguse samaki. Likigusa, jasho linamrudia. Ikiendelea siku ya pili, mbanike kwa moshi, usisubiri jua.

Ruzizi: Ya mchanga tumeelewa. Nirudi kwangu: sambaza amezaliana Kivu zaidi ya miaka 60. Mnataka abaki mgeni mpaka lini?

Mwambao: Kuzoea si asili, ndugu yangu. Lakini kwenye jina tuko upande mmoja: aandikwe wa Kivu.

Kapenta: Kuandika sawa, nani atakagua? Urefu haukusaidii: lumbu wa Tanganyika hufika sentimita 17, wa Kivu ni wadogo, wa Kariba wadogo zaidi.

Nyakato: Wa kwetu mtamjua kwa kidole. Mloweke, pitisha kidole tumboni kutoka mkiani kwenda kichwani. Wa Tanganyika na Kivu anakwaruza kama msumeno mdogo, wa Victoria ni laini. Mkimaliza hapo, mleta mada arudi afute neno lake la mchanga.