Mjadala: Je, vyombo vya habari vya Marekani vilifuata maoni ya wananchi kuhusu Iraki, au viliyajenga?

Mchangiaji aliyetangulia anasema kwamba magazeti na televisheni za Marekani zilifuata tu hasira ya wananchi baada ya mashambulizi ya Septemba 11, 2001, na kwamba vita vya Iraki vingekuja kwa vyovyote vile. Hasira ilikuwapo, sibishi. Lakini naomba tuitazame kwa makini siku moja, Jumapili ya tarehe 8 Septemba 2002.

Asubuhi hiyo New York Times liliandika katika ukurasa wa mbele kwamba Iraki ilijaribu kununua maelfu ya mabomba ya alumini, ambayo maofisa wa serikali wasiotajwa majina waliamini kuwa ni ya mitambo ya kurutubisha madini ya urani ili kuunda silaha za nyuklia. Siku hiyo hiyo Makamu wa Rais Dick Cheney alihojiwa na televisheni ya NBC, akalitaja gazeti hilo kuunga mkono hoja yake kwamba Iraki inatafuta silaha hizo. Habari ilitoka serikalini, ikapita gazetini, kisha serikali ikaitumia kana kwamba imethibitishwa na mtu wa nje. Mtazamaji aliyekaa sebuleni kwake angejuaje kwamba anasikia sauti ile ile mara mbili?

Wataalamu wa Wizara ya Nishati ya Marekani yenyewe walikuwa na shaka na mabomba hayo. Waandishi Jonathan Landay na Warren Strobel wa Knight Ridder, kampuni ya magazeti, waliwatafuta maofisa wenye mashaka juu ya madai ya serikali na wakayaandika mashaka hayo, ila kampuni yao haikuwa na gazeti Washington wala New York, kwa hiyo wengi wa wakubwa wa miji hiyo hawakuyasoma. Ndiyo maana nasema upendeleo wa wakati wa vita si lazima uwe uongo. Mara nyingi ni suala la nani anahojiwa na maneno yake yanawekwa ukurasa gani.

Kura ya maoni ya gazeti la Washington Post iliyochapishwa Septemba 2003 ilionyesha kuwa asilimia 69 ya Wamarekani waliona kuna uwezekano kwamba Saddam Hussein, aliyekuwa rais wa Iraki, alihusika binafsi na Septemba 11, dai ambalo halikuwa na ushahidi. Hasira humfanya mtu atake kulipiza kisasi; haimtajii jina la wa kulipizwa. Jina hilo walilisikia wapi, na kwa nini wahariri wa New York Times, walipokiri kasoro za habari zao kuhusu Iraki tarehe 26 Mei 2004, waliliweka tamko lao ukurasa wa 10?