Udongo mweusi wa Kitulo umetoka wapi?

Wakuu, mbona udongo wa Kitulo, ile hifadhi ya maua nyanda za juu kusini mwa Tanzania, ni mweusi na mwepesi hivi? Na gari dogo litapanda kutoka Chimala?

— Ni jivu la volkano, mkuu. Mlima Rungwe ulilipuka kwa nguvu yapata miaka 4,000 iliyopita, likasambaa pande zote. Chimba kidogo utaona vijiwe vyepesi vyenye matundu. Vitie majini, vinaelea. Matundu hayo hushika maji, nayo maua yanafaidi.

— Barabara ya kupandia huko, Chimala–Matamba, ni kona 57. Mvua ikinyesha, gari dogo liache, tope linateleza. Kushuka weka gia namba moja. Breki zikichemka zinaachia.

— Hifadhi ilianzishwa 2005. Okidi, maua ya mwituni ya huko, zilikuwa zinamalizwa kwa kuchimbwa mizizi ya kutengenezea chikanda, chakula kinachopendwa Zambia, ikauzwe huko. Tafadhalini, msing'oe hata moja.