Prodyuza kachomoa sauti zangu zote, eti traka ni "Excel ya bure"

Wakuu, naandika huku mkono unatetemeka kwa hasira, mnisamehe nikikosea.

Natengeneza biti za singeli kwa traka, yaani programu ya muziki ambayo unaandika noti kwenye mistari ya jedwali. Laptopu yangu ina ramu ya GB 2, hizo programu zenu za marangirangi zinaigandisha. Traka yangu, OpenMPT, inafunguka chap na haiuzwi. Noti zinashuka kutoka juu kwenda chini kama daftari la madeni dukani. Tempo naiacha 125, spidi (muda wa kila mstari, namba ikishuka biti inakimbia) natoa 6 naweka 3, napata mapigo 250 kwa dakika. Watu wanaruka.

Prodyuza mmoja (jina nalihifadhi kwanza) akasema ana msanii, nimpe biti, ananipa elfu 50. Nikampa faili la XM. Hapo ndipo nilipojimaliza. Kwa wasiojua, XM si MP3. Humo ndani mna noti zote na sampo zote (vile vipande vya sauti ulivyorekodi), zipo uchi kabisa, mtu anabonyeza mara mbili kaondoka na snea yako, ile sauti ya ngoma kali. Tangu traka ya Soundtracker ya Mjerumani Karsten Obarski kwenye kompyuta za Amiga, 1987, sampo zinaonekana kwenye orodha, na watu walijifunza kwa kuchungulia kazi za wenzao. Sawa, lakini wale walikuwa wanaandikiana hata salamu kwenye majina ya sampo! Na mimi niliandika, nafasi ni herufi 22, nikazijaza zote: YANGU HII ULIZA KWANZA. Hakuuliza.

Juzi nipo kwenye bajaji, wimbo unapigwa, nasikia mfuniko wa sufuria ya nyumbani kwetu. Naapa. Ile snea nilirekodi jikoni kwa simu, mfuniko na mwiko, na pale mwishoni jogoo wa jirani akadakia. Kwenye biti yangu humsikii, maana mistari miwili baada ya pigo naweka amri ya EC0, sauti inakatwa hapo hapo. Huyu bwana kabeba sampo, amri kaiacha. Sasa wimbo mzima snea ikilia tu, jogoo naye anaanza "koko..." halafu pigo jingine linamkatisha. Dereva ananiambia eti ndiyo staili mpya mjini!

Nikampigia. Anacheka. "Dogo, programu ya bure, sauti za bure." Bure kivipi? Sufuria kanunua mama yangu! Na ile elfu 50 mpaka leo sijaiona.

Msije hapa na "nunua programu ya maana", sijauliza hilo. Nauliza: COSOTA, wale wa hakimiliki, wanapokea lalamiko la sampo moja, au mpaka wimbo mzima uibwe? Faili langu lina tarehe ya mwezi wa tatu, na ile rekodi ya jikoni bado ipo kwenye simu. Nilitaka nirekodi upya mbele ya mjumbe walinganishe, ila jogoo mwenyewe walimchinja Idi.