Mdudu gani huyu anajaza buibui ndani ya tope?

mpangaji_gorofa2: Wakuu habari. Nyuma ya pazia nimekuta bonge la udongo limegandamana ukutani, nikalibandua na bisibisi, ndani vishimo vinne na kimoja kimejaa buibui wadogo 9 hivi, hawajafa maana nikimgusa mmoja mguu unacheza kidogo lakini hatembei. Mke wangu anasema tumerogwa 😂 mwenye kujua anisaidie

bibi_shamba: Hakuna uchawi hapo mwanangu, huyo ni nyigu wa udongo. Mweusi, kiuno chembamba kama uzi, cha njano, na miguu ina njano njano, si ndio?

mpangaji_gorofa2: Ndiye!! kila saa anaingia dirishani

jicho_la_kware: Jike huyo, anabeba tope donge moja moja mdomoni. Buibui anamchoma sindano anapooza ila hafi, ndio maana nyama haiozi, yaani friji bila umeme. Anataga yai moja kwa kila chumba anaziba na tope anaondoka, buu likianguliwa linakula hao buibui mmoja mmoja, likishiba linajizungushia kifuko cha kahawia, baadae nyigu mzima anatoboa ukuta anatoka. Ukiona kitundu cha duara ujue keshahama.

mpangaji_gorofa2: Duh. Na anauma?

bibi_shamba: Mpaka umbane na mkono. Hawa wanaishi mmoja mmoja, hawalindi kiota kama wale wa kundi wanaoning'inia darini, wale usiwaguse kabisa. Huyu mwache akupunguzie buibui, au weka wavu dirishani.